Roli za muchomo: moshi kwanza, mafuta baadaye, sukari mwisho

Ukitoka Kampala kwenda Jinja, gari likisimama Namawojjolo mishikaki inafika dirishani kabla dereva hajavuta breki ya mkono: nyama ya ng'ombe, mapaja ya kuku, gonja (ndizi tamu) iliyochomwa ikaiva mpaka katikati. Sambusa nayo haina ugeni, ipo kwenye kabati la kioo la hoteli ndogo yoyote, jirani na chapati na mandazi. Mwongozo huu unazikutanisha hizo mbili. Nyama ya mkaa, ambayo Uganda huitwa muchomo, inafungwa ndani ya manda nyembamba, inakunjwa kama roli za Kichina, inakaangwa, halafu inachovywa kwenye mchuzi wa soya, nanasi na ukwaju. Vipimo vya hapa vinatoa roli 24, za kuwatosha watu 8 hadi 10 kabla chakula chenyewe hakijaletwa.

Kinachoamua kama zitafaulu ni mpangilio. Moshi uingie kwanza, mafuta yafuate, sukari ije mwisho. Mafuta ya karai hayana moshi wa kuipa nyama, kwa hiyo nyama iliyochemshwa haitageuka muchomo hata ukiimwagia chupa nzima ya sosi. Na sukari haistahimili karai: kwenye mafuta ya nyuzi 175 inakuwa nyeusi na chungu wakati manda bado nyeupe. Wengi huchanganya sosi tamu na nyama kabla ya kufunga. Sosi inapenya kwenye tundu dogo, inaungua, na kuanzia hapo kila roli inayoingia karai inatoka na vidoa vyeusi na harufu ya kuungua.

Nyama

Nunua kilo 1 ya bega au shingo ya ng'ombe, bila mfupa. Usiombe steki. Bega na shingo vina utando mweupe mwingi kati ya nyuzi, na utando huo ukipikwa taratibu unayeyuka ukawa ute unaonata. Ndio unaoshikanisha nyama ndani ya roli. Steki haina utando wa kutosha, itakupa makapi makavu. Kumbuka pia kwamba nyama ya bucha zetu mara nyingi ni ya ng'ombe aliyechinjwa asubuhi hiyohiyo, aliyetembea sana malishoni, mwenye mafuta kidogo. Haitalainika kwa nusu saa ya moto mkali. Kwa wanaokula nguruwe, bega lake ni bora zaidi kwa kazi hii na huiva mapema kidogo. Mbuzi anafaa kama ni paja, ila mwongezee kijiko kimoja cha mafuta ya kula kwenye viungo, maana hukauka.

Kata nyama vipande viwili virefu vyenye unene wa sentimita 5 hivi. Ipake:

chumvi gramu 10 (vijiko viwili vya chai visivyojaa)
mchuzi wa soya vijiko 2 vya chakula
pilipili manga ya kusagwa kijiko 1 cha chai
tangawizi mbichi gramu 20, iliyokwaruzwa
vitunguu saumu punje 4, vilivyopondwa
mdalasini wa unga nusu kijiko cha chai
shamari nusu kijiko cha chai, na karafuu 3, vitwangwe pamoja

Mdalasini, karafuu na shamari ni sehemu kubwa ya viungo vitano vya Kichina. Ukipata anisi nyota kwenye duka la viungo, twanga moja uiongeze, ukikosa, usihangaike. Chumvi imepunguzwa kwa makusudi kwa sababu mchuzi wa soya una chumvi nyingi. Anayeongeza "kidogo tu" hapa ndiye anayelalamika mwishoni, kwa kuwa nyama itapungua maji na chumvi itabaki palepale.

Funika, weka kwenye friji saa 4 au usiku mzima. Usitie nanasi bichi kwenye viungo hivi. Nanasi lina kimeng'enya kinachokula protini, na nyama ikikaa nalo usiku kucha inaamka ikiwa uji juu na ngumu ndani. Nanasi litaingia kwenye mchuzi wa kuchovya, ambako kuchemka kutakiua kimeng'enya hicho.

Moto wa mkaa

Sigiri ya kawaida inachoma vizuri lakini ni ndogo, moto wote uko chini ya nyama. Hapa unataka moto wa pembeni, kwa hiyo pipa lililopasuliwa nusu, kama lile la wachomaji wa barabarani, linafaa zaidi. Washa mkaa, usubiri uwe na jivu jeupe juu, kisha usukume wote upande mmoja. Nyama inalala upande usio na mkaa. Pima joto kwa kiganja: kishike juu ya wavu, upande wa nyama, umbali wa shibiri ndogo. Ukistahimili sekunde 8 hadi 10, joto liko kati ya nyuzi 130 na 150, ndilo unalolitaka. Ukiondoa mkono ndani ya sekunde 4, punguza mkaa.

Kwa moshi, tupia juu ya mkaa vijiti viwili au vitatu vikavu vyenye unene wa kidole: mwembe, mpera, au matawi ya mbuni yaliyobaki baada ya kupogoa, ambayo Uganda hayana shida kupatikana. Epuka mkaratusi na msonobari. Utomvu wake unaacha uchungu unaokaa ulimini. Mbao za ujenzi zilizopakwa dawa au rangi zisikaribie chakula kabisa. Kuloweka vijiti hakusaidii, kwanza vinatoa mvuke tu. Moshi mzuri ni mwepesi, unakaribia kutoonekana. Moshi mzito mweupe maana yake kijiti kinafukuta bila hewa, na nyama italamba masizi. Fungua tundu la hewa au kitoe.

Acha nyama hapo saa moja na robo, ukiigeuza kila dakika 20. Itakuwa na rangi ya kahawia iliyokolea na harufu itakayowaleta majirani, lakini bado ngumu. Hilo ni sawa.

Kulainisha kwa majani ya ndizi

Hatua hii imeazimwa kutoka kwenye luwombo, mapishi ya Uganda ya mvuke ndani ya majani ya ndizi. Chukua majani mawili ya ndizi, yapitishe juu ya mkaa mpaka yang'ae na kulegea, yachane ukitoa uti wa kati. Funga nyama ndani yake, ukunje kingo zielekee juu ili maji ya nyama yasimwagike. Nyuti ulizozitoa zipange chini ya sufuria kama unavyofanya kwa matooke, mimina maji nusu lita, laza kifurushi juu yake, funika kwa majani mengine na mfuniko. Moto mdogo, saa moja na nusu hadi mbili. Angalia maji kila nusu saa.

Imeiva pale uma ukiuchoma na kuuzungusha, nyama inaachana bila ubishi. Mwenye kipimajoto atafute nyuzi 92 hadi 95 katikati. Kampala iko juu kiasi cha mita 1,200 kutoka usawa wa bahari, kwa hiyo maji huchemka karibu na nyuzi 96, si 100. Kabale, iliyo juu zaidi, ni kama 93. Ndiyo sababu mapishi ya vitabu vya pwani au Ulaya yanakudanganya muda: mvuke wako una joto dogo kuliko wao, na nyama inataka dakika za ziada. Kwa hesabu hiyohiyo, kipimajoto kikisoma 96 kwenye maji yanayochemka Kampala, hakijaharibika. Kihakiki kwa maji yenye barafu nyingi, ambako lazima kisome 0.

Anayeishi kwenye fleti na ana jiko la gesi tu, asiwashe mkaa ndani. Mkaa unatoa hewa ya sumu isiyo na harufu, na chumba kilichofungwa kinaua. Ipike nyama kwa mvuke hivihivi hadi ilainike, ikaushe kwa kuichoma juu ya kikaango kikavu, kisha tumia mbinu ya Kihindi iitwayo dhungar: washa kaa moja nje ya nyumba hadi liwe jekundu, liweke kwenye kibakuli cha chuma katikati ya sufuria ya nyama, dondoshea kijiko kimoja cha chai cha samli juu ya kaa, funika mara moja. Dakika 7 zinatosha. Zikizidi 10 nyama inaanza kunuka jivu. Kaa likitumika, lirudishe nje.

Na muchomo uliobaki jana? Unafaa, kama ulikaa kwenye friji. Ukate vipande vidogo, uupe nusu saa ya mvuke na vijiko vitatu vya maji. Muchomo uliolala mezani usiku kucha ni wa kutupa.

Kuichambua

Nyama ikiwa bado vuguvugu ichambue kwa uma mbili, halafu, na hapa ndipo watu wanaporuka, ilaze kwenye ubao uikate kukatiza nyuzi ili isibaki nyuzi ndefu kuliko sentimita 2. Nyuzi ndefu ni nzuri kwenye mkate. Kwenye roli, mlaji anauma mara moja na nyama yote inamfuata, anabaki ameshika ganda tupu.

Maji yaliyobaki ndani ya majani yatakuwa kama robo lita au pungufu. Engua mafuta ya juu, chemsha maji hayo kwenye kikaango mpaka yabaki vijiko 3 vya chakula, mazito kama asali, kisha yachanganye na nyama. Yakipoa yanaganda, yakiingia karai yanayeyuka tena ndani ya roli. Onja sasa. Kutoka kilo 1 utabaki na gramu 600 hivi.

Mboga

Kabichi gramu 300 iliyokatwa nyembamba, karoti 2 zilizokwaruzwa, vitunguu vya majani mashina 4. Changanya kabichi na karoti na kijiko 1 cha chai cha chumvi, acha dakika 20, kamua kwa mikono yote miwili mpaka matone yaishe. Maji yanayotoka yatakushangaza, na yote hayo yangetokea ndani ya karai. Pasha kikaango kikali na kijiko 1 cha mafuta, kaanga mboga dakika 2 tu, tia vitunguu vya majani mwishoni, mwaga kwenye sinia pana zipoe. Changanya na nyama na kijiko 1 cha chakula cha konflawa, ambayo itanyonya unyevu uliosalia. Zote ziwe baridi kabla ya kufunga. Mjazo wa moto unalainisha manda kutoka ndani na unaipasua kabla hujamaliza kukunja.

Manda

Manda zilizogandishwa zinauzwa supamaketi kubwa za Kampala na hazina aibu. Ziyeyushe ndani ya pakiti yake kwa saa moja. Lakini za nyumbani ni bei ya unga tu, na anayejua kusukuma chapati ana nusu ya ujuzi tayari.

Unga wa ngano mweupe gramu 400, chumvi nusu kijiko cha chai, mafuta vijiko 1½ vya chakula, maji vuguvugu mililita 220. Kanda dakika 8 hadi donge liwe laini lisiloshika vidole, funika, lipumzike nusu saa. Bila mapumziko hayo donge linajivuta kama mpira kila ukilisukuma.

Gawa vidonge 24 vya gramu 25, kila kimoja kama limau dogo. Sukuma vidonge 4 viwe duara za sentimita 10. Paka duara ya kwanza mafuta kidogo hadi ukingoni, nyunyiza unga, weka ya pili juu, na kuendelea. Ya nne isipakwe juu. Sasa sukuma bunda lote kwa pamoja hadi sentimita 22. Anza katikati uende nje, na uligeuze bunda mara kwa mara, la sivyo ya chini inabaki ndogo. Weka kwenye kikaango cha chapati kikavu, moto mdogo, sekunde 40 kila upande. Unatafuta itoke rangi ya ubichi na ianze kuvimba vipovu. Ikipata madoa ya kahawia umeichelewesha na itavunjika ikikunjwa. Itoe, ibamize ubaoni mara moja, uzibandue ingali moto. Zikikataa kuachana, mafuta au unga haukufika ukingoni. Zifunike papo hapo kwa kitambaa chenye unyevu. Upepo wa dakika 5 unatosha kuzikausha kingo.

Gundi: unga wa ngano vijiko 2 vya chakula, maji vijiko 3, koroga hadi iwe kama uji mzito. Yai linafanya kazi, lakini gundi ya unga inashika zaidi na ni rahisi.

Kukunja

Weka manda mbele yako. Vijiko viwili vya chakula vya mjazo, kama gramu 35 hadi 40, vipange mstari wa sentimita 9, umbali wa vidole vitatu kutoka ukingo ulio karibu nawe. Funika mjazo kwa ukingo huo, uvute nyuma kwa ncha za vidole mpaka usikie umekaza. Kunja pande zote mbili ndani, zinyooke kama bahasha. Viringisha kwenda mbele. Kabla ya mzunguko wa mwisho paka gundi ukingo wote, pamoja na pembe. Ilaze mshono ukiwa chini, dakika 10.

Roli iliyolegea ina hewa, na hewa ikipata moto inatafuta njia ya kutoka. Ukiibonyeza na ikaingia ndani kama mto, ikunjue uanze upya.

Kukaanga

Sufuria nzito yenye kipenyo cha sentimita 20 na lita 1½ ya mafuta ya alizeti au ya mawese yaliyosafishwa. Mafuta yasizidi nusu ya kina cha sufuria. Kama unatumia sigiri, itikise kwanza bila kitu juu yake. Ikicheza, tafuta sakafu iliyo sawa. Watoto wakae mbali. Mafuta yakishika moto, yafunike kwa mfuniko na uiache sufuria mahali ilipo. Usimwage maji.

Pasha hadi nyuzi 175. Bila kipimajoto, chovya ncha ya mwiko wa mti mkavu: vipovu vidogo vikiuzunguka mfululizo bila kurukaruka, uko karibu. Kisha tupia kipande cha manda. Kikigeuka dhahabu ndani ya dakika moja hivi, anza. Kikigeuka kwa sekunde 20, mafuta yamezidi.

Sigiri haina kitasa cha kupunguzia, na hiyo ndiyo shida yake pekee katika kazi hii. Uwe na koleo mkononi na bati pembeni la kuwekea mkaa unaoutoa. Funga mlango wa chini kupunguza, ufungue kuongeza, na fanya hivyo dakika mbili kabla ya kuhitaji, maana mkaa unachelewa kutii.

Ingiza roli 4 au 5, si zaidi, mshono ukiangalia chini ili ukazwe kwanza. Mafuta yatashuka hadi 160 hivi na kurudi. Zigeuze kila dakika. Dakika 4 hadi 5 zinatosha, kwa sababu ndani kila kitu kimeshaiva. Unachopika ni manda na unachopasha ni mjazo. Sikiliza: mwanzoni karai inanguruma, na roli zikikaribia kuiva sauti inashuka ikawa mchakacho mwembamba, kwa kuwa maji ya manda yamekwisha. Hapo zitoe.

Zisimamishe wima kwenye wavu au chujio la chuma, mafuta yateremke. Ukizilaza juu ya karatasi, upande wa chini unajipika kwa mvuke wake, na ukizifunika kwa sahani zinalegea kabla mgeni hajanawa mikono. Kata mshazari kwa kisu chenye meno baada ya dakika 2.

Zikitoka na mafuta tele ndani ya mikunjo, mafuta yalikuwa baridi au ulijaza karai kupita kiasi. Zikiwa za kahawia nje na baridi katikati, yalikuwa moto mno, au roli zilitoka friji moja kwa moja. Malengelenge madogo juu ya ngozi ni unyevu wa kitambaa ulichofunikia. Hayana madhara ila hayapendezi, futa manda kabla ya kukunja. Iliyopasuka upande ina hewa au mboga isiyokamuliwa. Iliyofunguka mshono ilikosa gundi pembeni. Na roli ikishapasuka itoe haraka, uchuje mafuta kabla ya kundi linalofuata, vinginevyo vipande vinavyoungua vitakuharibia zote zilizobaki.

Mchuzi wa kuchovya

Nanasi gramu 150 lililokatwa dogo sana. La wilaya ya Kayunga likiwa katika msimu lina utamu wa kutosha hata upunguze sukari kwa theluthi. Sukari guru gramu 60, nyanya ya kopo gramu 70, siki mililita 50, mchuzi wa soya vijiko 3 vya chakula, ukwaju gramu 30 uliolowekwa kwenye nusu kikombe cha maji ya moto ukachujwa, tangawizi gramu 10, kitunguu saumu punje 2, kamulali (pilipili ndogo kali) moja au tatu kulingana na ujasiri wako.

Anza na nanasi, tangawizi, saumu na kamulali kwenye kijiko kimoja cha mafuta, dakika 3. Tia nyanya uikaange hadi iwe nyekundu iliyokolea, kwani nyanya mbichi ya kopo ina ladha ya bati. Vilivyobaki vifuate. Moto mdogo dakika 15 hadi 20, mwiko ukipita chini mara kwa mara. Ukichora mstari kwa kidole nyuma ya kijiko na mstari ukabaki, umefika. Utazidi kuwa mzito ukipoa, kwa hiyo usiufukuze mpaka uwe jemu.

Mafuta ya ufuta ya Kiasia ni ghali hapa bila sababu, wakati kaskazini mwa Uganda wanalima simsim, yaani ufuta wenyewe. Kaanga simsim vijiko 2 kwenye kikaango kikavu hadi zianze kurukaruka na kunukia, twanga nusu yake, koroga ndani ya mchuzi nje ya moto, nusu nyingine nyunyiza juu. Mwenye odii, ule urojo wa karanga na simsim wa Acholi na Lango, afanye mchuzi wa pili: odii vijiko 3, maji ya moto vijiko 4, soya kijiko 1, maji ya limau, pilipili. Unakaribiana sana na mchuzi wa karanga unaoliwa na mishikaki ya Indonesia. Waambie wageni wako mapema kuhusu karanga, simsim, na ngano iliyomo ndani ya soya. Kuna wanaodhurika nazo.

Kando weka kachumbari bila nyanya: tango, kitunguu, siki, chumvi kidogo. Nyanya inatoa maji na kulowanisha kila kitu sahanini.

Mabawa kwa kanuni ileile

Kilo 1 ya mabawa ya kuku wa kisasa, yaliyokatwa viungo viwili. Ncha zitupie kwenye supu. Wa kienyeji ana ladha zaidi lakini bawa lake ni la kutafuna, halifai hapa. Chumvi gramu 12, tangawizi, saumu, pilipili manga, saa 2 kwenye friji. Yachome kwenye moto wa pembeni, na moshi, dakika 35 hadi 40, mpaka ndani yafike nyuzi 80 na kiungo kizunguke ukikipinda. Kuku asichomwe nusu akaachwa amalizie baadaye. Akikaa vuguvugu katikati ya hatua hizo mbili, vijidudu vinazaliana.

Bawa halina ganda la kuulinda moshi wake, na mafuta yatauosha kidogo. Kwa hiyo lipake koti: konflawa gramu 100, unga wa ngano gramu 30, chumvi kidogo. Konflawa haina gluteni, ndiyo maana inakauka ikawa ya kukatika badala ya kutafunika. Unga laini wa muhogo unaweza kushika nafasi yake, na koti lake linakuwa jembamba na la kioo. Yakaushe mabawa kwa kitambaa, yagaragaze, yakung'ute, yaache dakika 5 mpaka unga ulowe na kushika. Nyuzi 185, dakika 3, makundi madogo.

Pasha nusu ya mchuzi wa hapo juu kwenye bakuli pana la chuma, mwaga mabawa, rusha mara tano sita, toa mezani. Baada ya dakika 10 koti litaanza kulegea, kwa hiyo hesabu idadi ya wageni walioketi, si wa kwenye simu wanaosema wamefika Wandegeya, mtaa wa Kampala.

Kuandaa kabla ya siku

Roli mbichi hukaa kwenye friji saa 12 zikiwa zimepangwa bila kugusana juu ya sinia iliyonyunyizwa konflawa. Zikizidi hapo manda inaanza kunyonya mjazo. Kwa muda mrefu zigandishe: saa 3 kwenye sinia hadi ziwe ngumu kama mawe, ndipo uziweke mfukoni. Ukiziweka mfukoni zikiwa laini utagandisha tofali moja. Zikaange zikiwa zimeganda, usiziyeyushe, mafuta ya nyuzi 165, dakika 7 hadi 8, roli 3 kwa mara moja kwa kuwa zinapoza mafuta vibaya. Umeme ukikatika zikayeyuka na kulegea, zikaange siku hiyohiyo kama bado ni baridi zikiguswa. Zilizopata joto zitupe.

Mafuta yakipoa yachuje kwa kitambaa, yaweke kwenye chupa mbali na jua. Yanarudi karai mara 3 au 4 kwa roli, mara 2 kwa mabawa kwa sababu unga unaodondoka unaungua. Yakitoa povu lisilokufa, au yakitoa moshi kabla ya kufika nyuzi 175, yamekwisha. Yamwage kwenye mchanga au jivu ndani ya mfuko, uyatupe na takataka. Yakimwagwa kwenye sinki, yatakutana na ngano iliyooshwa kwenye bakuli na kuziba bomba.